Sinema isilisahau jukwaa lililoilea

Kila Mkenya anapong'ara katika sinema, hawakosi watu wa kudai kwamba kipawa ni majaliwa, na kwamba aliyejaliwa hahitaji kufunzwa. Dai hili lina madhara, kwani hulifanya jukwaa lionekane kama kituo cha kungojea basi, wala si shule.

Lupita Nyong'o alipotuzwa Oscar mwaka 2014 kwa uigizaji wake katika 12 Years a Slave, wengi walidhani ameibuka jana. Ilhali alikuwa na umri wa miaka 14 tu alipoigiza Juliet wa Shakespeare jijini Nairobi pamoja na kikundi cha Phoenix Players. Mwaka 2009 alionekana katika Shuga kwenye televisheni, kisha akasomea uigizaji katika Chuo Kikuu cha Yale, Marekani, akahitimu mwaka 2012.

Ni kweli kwamba jukwaa na kamera havidai stadi zilezile. Jukwaani, silabi ya mwisho sharti imfikie aliyeketi safu ya nyuma. Sauti hupaazwa na mkono huinuliwa juu. Kamera nayo husogea hadi kwenye kope, na sauti ya jukwaani ikipelekwa huko bila kupunguzwa hugeuka kelele. Hata hivyo, apunguzaye ni yule aliye nacho. Aliyefunzwa kudhibiti pumzi, kutamka kila neno kwa makini na kumsikiliza mwenzake anaweza kushusha sauti pasi na kupoteza maana. Asiyefunzwa hunong'ona tu, na mtazamaji akabaki kujiuliza amesema nini.

Je, chipukizi wetu wajifunzie wapi? Filamu ya Nairobi Half Life ya mwaka 2012 ilisawiri vyema masaibu yao: Mwas, kijana wa mashambani, anafika jijini kutafuta uigizaji, naye anajikuta mchana yumo katika mazoezi ya jukwaani na usiku yumo katika genge la wezi. Jukwaa lilimpa ndoto, lakini halikumpa mkate. Nao ukumbi wa Phoenix ulifungwa mwaka 2017.

Tamasha za maigizo za shule, zilizoanza mwaka 1959, huibua vipawa kila mwaka. Lakini mwanafunzi akishamaliza shule, mlango hufungwa. Jumba la Kitaifa la Maonyesho lipo Nairobi tangu 1952, ila kijana wa Garissa au Busia atalifikiaje kila jioni?

Katiba ya 2010 ilizikabidhi serikali za kaunti shughuli za utamaduni na burudani ya umma. Basi kila kaunti na iwe na ukumbi mmoja wenye mwalimu wa uigizaji anayelipwa mshahara. Nazo kampuni za filamu na vituo vya televisheni, ambavyo huvuna waigizaji wasiowalea, vichangie gharama hiyo. Wahenga walituasa tusisahau ubaharia kwa sababu ya unahodha.