Mwokotaji na Takhmisi

Wapo wanaodai kuwa Bruce Conner, Mmarekani aliyetoa A Movie mwaka 1958, hakuwa msanii bali mwokotaji, kwani filamu hiyo ya dakika 12 aliiunga kwa vipande vya filamu za wengine. Ajabu ni kuwa wasemao hayo ni wapenzi wa takhmisi! Mtungaji wa takhmisi huchukua mishororo miwili ya mwenziwe, akaitangulizia mitatu yake, nasi humwita bingwa. Conner naye alimweka nahodha wa nyambizi akichungulia, kisha mwanamke nusu uchi, kisha topido, kisha mlipuko wa atomiki. Vipande hivyo havikupigwa pamoja. Mzaha huo mchungu ni wake. Anayemnyima usanii, na aanze kwa kuwavua kilemba watungaji wetu.