Kanumba, Shinyanga na makinikia ya filamu

MACHI 2012 Serikali ilitangaza rasmi mikoa mipya minne, ukiwamo wa Geita, uliomegwa kutoka Mwanza, Kagera na Shinyanga. Wiki chache baadaye, Aprili 7, Shinyanga ilimpoteza mmoja wa watoto wake waliojulikana zaidi nje ya mipaka ya nchi. Steven Kanumba, mwigizaji na mwongozaji wa filamu, alifariki dunia nyumbani kwake Sinza, Dar es Salaam, akiwa na umri wa miaka 28.

Maelfu ya watu waliomsindikiza hadi makaburi ya Kinondoni Aprili 10 walithibitisha jambo ambalo wengi wa wasomi na watunga sera walikuwa hawajalitilia maanani: filamu za Kiswahili zilikwishakuwa chakula cha kila siku cha wananchi wa mijini na vijijini. Hata hivyo, swali la msingi lililoachwa na kifo hicho halihusu umaarufu. Linahusu umiliki: ni nani anayevuna baada ya msanii kutoa jasho lake?

Kanumba alizaliwa Shinyanga Januari 8, 1984. Alisoma Shule ya Msingi Bugoyi, kisha Sekondari ya Mwadui, jirani na mgodi wa almasi uliotokana na ugunduzi wa John Williamson mwaka 1940, kabla ya kuhamia Dar es Salaam. Ikumbukwe kwamba Tanzania Bara haikuwa na kituo cha televisheni hadi mwaka 1994. Kwa kijana wa Kanda ya Ziwa mwenye ndoto ya kuigiza, njia ilikuwa moja tu, nayo ilielekea Dar es Salaam, ambako vituo na studio vilijengwa.

Mwaka 2002 alijiunga na Kaole Sanaa Group, kundi lililokuwa likirusha tamthilia zake kupitia ITV. Kaole ilikuwa chuo cha wasanii wengi wa kizazi hicho. Humo walijifunza kufanya kazi kwa haraka, kwa bajeti ndogo, mbele ya watazamaji waliosubiri sehemu mpya ya mchezo kila wiki.

Soko la filamu za video lilipopanuka, hasa baada ya mafanikio ya filamu ya Girlfriend iliyoongozwa na George Tyson, Kanumba alihama pamoja na wimbi hilo. Alicheza na Vincent Kigosi ‘Ray’ na Blandina Chagula ‘Johari’, akavuka mipaka kupitia Dar to Lagos ya mwaka 2006 aliyocheza na wasanii wa Nigeria, kisha akaanzisha kampuni yake, Kanumba The Great Film. Kuanzia hapo hakuridhika kuwa sura ya kwenye kasha pekee. Alitunga, aliongoza na kusimamia utengenezaji. Katika This Is It na Uncle JJ aliwapa watoto nafasi kubwa, na katika Devil Kingdom alimleta Ramsey Nouah wa Nigeria.

Uwezo huo wa kushika kazi nyingi ulikuwa nguvu yake, lakini pia ulikuwa dalili ya udhaifu wa tasnia. Palipokosekana benki ya kukopesha na mfuko wa kugharimia filamu, mtu mmoja alilazimika kuwa kila kitu.

Udhaifu mkubwa zaidi ulikuwa sokoni. Kwa miaka mingi utaratibu uliozoeleka ulikuwa mtayarishaji kumuuzia msambazaji filamu pamoja na haki zake zote, kwa malipo ya mara moja. Baada ya hapo, iwe nakala ziliuzwa 1,000 au 100,000, mtayarishaji hakuwa na cha kudai. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inamlinda mbunifu katika uhai wake na miaka 50 baada ya kifo chake. Lakini haki iliyokwishauzwa kwa maandishi hairudi kwa warithi kwa machozi ya mazishini.

Wakazi wa ukanda wa dhahabu wanaufahamu vizuri mkasa wa namna hiyo. Mchimbaji mdogo wa Nyarugusu aliyeuza mfuko wa mawe bila kujua kiasi cha dhahabu kilichomo, alimwachia faida aliyekuwa na mizani. Kwa upande wa Taifa, mwaka 2017 Serikali ilizuia kusafirishwa nje kwa makinikia kutoka migodi ya Bulyanhulu na Buzwagi, wilayani Kahama, kwa hoja hiyo hiyo kwamba muuzaji lazima ajue kilichomo. Machi 2019 soko la madini la Geita lilifunguliwa, likiwa la kwanza nchini, ili bei iwe wazi na mnunuzi ajulikane.

Filamu nazo zina makinikia yake. Kazi iliyouzwa kwa bei ya kutupa enzi za kanda na DVD inaweza leo kuoneshwa tena na tena katika chaneli za kulipia na mitandaoni. Aliyebaki na haki ndiye anayelipwa. Ujio wa Azam TV mwaka 2013, na baadaye Maisha Magic Bongo, umeongeza wanunuzi. Lakini wingi wa wanunuzi haumsaidii mtu asiyesoma mkataba kabla ya kutia saini.

Zaidi ya fedha, kuna suala la nani anaisimulia Kanda ya Ziwa. Darwin’s Nightmare ya mwaka 2004, iliyopigwa Mwanza na kukosolewa vikali na Rais Jakaya Kikwete mwaka 2006, iliongozwa na Hubert Sauper wa Austria. White Shadow ya mwaka 2013, kuhusu kijana mwenye ualbino anayewindwa, iliongozwa na Noaz Deshe, naye mgeni, ikapata tuzo Venice. Yote hayo yaliwagusa watu wa huku kwa karibu: ilikuwa Kahama, Septemba 2009, ambako Mahakama Kuu ilitoa hukumu ya kifo kwa wauaji wa mtoto mwenye ualbino kutoka Bukombe.

Kulalamikia picha iliyochorwa na mgeni ni rahisi. Kazi ngumu ni kumwezesha kijana wa Bugoyi au Katoro apige yake bila kwanza kupanda basi la Dar es Salaam, na aimiliki baada ya kuipiga. Halmashauri zinazopokea ushuru wa huduma kutoka migodini zinajenga madarasa na zahanati, na ni haki. Je, sehemu ndogo ya fedha hizo haiwezi kununua kamera, kulipa mkufunzi na mwanasheria wa mikataba?

Kanumba alionesha kuwa kipaji kipo. Mwenye macho haambiwi tazama.