Na nyumba ya baba yake Cendrillon, nani alibaki nayo?

Jumamosi moja nilikuwa nimekaa na akina mama kwenye foleni ya maji, katika kambi moja hapa kwetu Kivu. Vidumu vilikuwa vingi na maji yalikuwa hayajafika. Ili watoto watulie, mama mmoja aliyehama kutoka Masisi akaanza kuwasimulia hadithi ya Cendrillon, ile aliyoisoma katika kitabu cha Kifaransa akiwa shule ya msingi. Watoto walisikiliza vizuri. Mtoto wa mfalme alipomwoa yule msichana, wote wakapiga makofi.

Msichana mmoja, labda wa miaka 13, hakupiga makofi. Akauliza: "Mama, na nyumba ya baba yake, nani alibaki nayo?"

Sisi wakubwa tukacheka. Halafu tukanyamaza, kwa sababu kila mmoja pale alikuwa na nyumba aliyoiacha, na hajui leo nani analala ndani.

Ndugu wasomaji, na ninyi mnaotusikiliza kila siku redioni, ninaandika kwa sababu ya swali hilo. Huko Marekani na Uingereza vijana wanasoma sana riwaya zinazochukua hadithi za kale za namna hii, zenye uchawi na wafalme, na kuzisimulia upya ili msichana awe ndiye anayeamua mambo yake. Rafiki yangu anayesoma Kampala amenitumia baadhi, nikazisoma usiku kwenye simu. Nimesikia wenzangu wakisema hayo ni mambo ya Wazungu, yanawafundisha wasichana kiburi. Mimi sikubaliani nao, lakini pia sizisifu zote. Swali la yule mtoto wa foleni ndilo kipimo changu.

Tuanze na Cendrillon mwenyewe. Hadithi tunayoijua shuleni, yenye kiatu cha kioo, iliandikwa na Mfaransa Charles Perrault mwaka 1697. Katika hadithi yake msichana anavumilia, anafanya kazi zote za nyumbani, na mwisho anawasamehe dada zake wa kambo. Uvumilivu wake unalipwa kwa ndoa. Nyumba ya baba haitajwi tena.

Lakini mwaka huohuo wa 1697, mwanamke mmoja wa Ufaransa, Marie-Catherine d'Aulnoy, alianza kuchapisha vitabu vyake vya hadithi, na ndani yake mna msichana anayeitwa Finette Cendron. Wazazi wa Finette ni mfalme na malkia waliofukuzwa katika nchi yao. Wameuza hata mataji ili wale. Njaa inapowabana, mama anaamua kwenda kuwatupa binti zake watatu mbali, na Finette, aliye mdogo wa wote, ndiye anayepata njia ya kuwarudisha dada zake nyumbani. Baadaye anawashinda mazimwi kwa akili yake. Naye anapoteza kiatu, lakini chake ni cha mahameli nyekundu kilichotiwa lulu, na mtoto wa mfalme anamtafuta hadi anampata. Hapo Finette hasemi ndiyo mara moja. Anagundua kwamba wazazi wa mchumba wake ndio walioichukua nchi ya baba yake. Anawaambia kwamba hataolewa mpaka nchi hiyo irudishwe. Na inarudishwa.

Niliposoma hapo nilimkumbuka yule msichana wa foleni. Swali lake lilikuwa limejibiwa zaidi ya miaka 300 iliyopita. Ila jibu hilo halikuingia katika vitabu vyetu vya shule. Kilichoingia ni kile cha Perrault.

Kwa hiyo wanaosema kwamba kubadilisha hadithi ni kuiharibu, wajue kwamba hadithi hizi zimebadilishwa siku zote, na mara nyingi wanaume ndio walioshika kalamu. Ndugu wawili wa Ujerumani, Jacob na Wilhelm Grimm, walipochapisha hadithi ya Schneewittchen mwaka 1812, malkia mwenye wivu alikuwa mama mzazi wa mtoto. Katika chapa ya 1819 wakamgeuza kuwa mama wa kambo. Tangu hapo watoto wengi wamekua wakiamini kwamba mama wa kambo ni mbaya. Fikirieni hilo hapa kwetu, ambapo mama wengi wanalea watoto wasiowazaa, kwa sababu wazazi wao waliuawa au walipotea njiani wakikimbia.

Sasa nije kwenye riwaya za siku hizi. Iliyonigusa zaidi ni Ella Enchanted ya Gail Carson Levine, iliyotoka Marekani mwaka 1997. Ella alipozaliwa, mchawi mmoja alimpa zawadi ya utii: akiamriwa jambo lolote, lazima alitende, hata kama linamuumiza. Watu wazima wanaona ni zawadi nzuri, kwani nani hataki mtoto mtiifu? Lakini yeyote anayeijua siri hiyo anaweza kumtumia apendavyo, na dada yake wa kambo anaigundua na kumtumia kweli. Mwisho mtoto wa mfalme, ambaye Ella anampenda, anataka kumwoa. Ella anajua kwamba akiwa mke wake, adui anaweza kumwamuru amdhuru mumewe na nchi nzima. Anajizuia kwa nguvu zake zote, anakataa. Katika kukataa huko laana inavunjika. Baadaye anaolewa, tena kwa furaha, lakini kwa sababu sasa anaweza kuchagua. Ella pia ni msichana anayependa lugha, hata ya mazimwi. Sisi tunaoishi kati ya Kiswahili, Kifaransa, Kihunde, Mashi na Kinyarwanda tunajua kwamba kusema lugha ya mwingine kunaweza kuokoa maisha njiani.

Nyingine ni Cinderella Is Dead ya Kalynn Bayron, ya mwaka 2020. Humo hadithi ya Cendrillon imekuwa sheria ya nchi. Wasichana wanalazimishwa kwenda kwenye sherehe ya mfalme, wanaume wanawachagua, na asiyechaguliwa maisha yake yanaishia mikononi mwa serikali. Sophia, msichana wa miaka 16, anakimbia. Mwandishi anatuonyesha kwamba hadithi inayorudiwa kila siku bila mtu kuuliza inaweza kuwa kamba ya kumfunga mtu.

Zipo nyingine ambazo hazikunigusa. Kuna mtindo, hasa katika filamu, wa kumvika msichana mavazi ya vita, kumpa upanga, na kusema sasa amekuwa huru. Snow White and the Huntsman ya mwaka 2012 ni mfano: msichana anaongoza jeshi na kumuua malkia. Labda mahali penye amani jambo hilo linafurahisha. Hapa kwetu tumeona wasichana waliochukuliwa msituni wakabebeshwa silaha, na hakuna aliyerudi akituambia kwamba alikuwa huru. Finette naye alipigana na mazimwi, siwezi kulificha hilo, lakini nchi ya baba yake ilirudi kwa sababu alidai, mbele ya watu wazima, na hakurudi nyuma.

Mtasema, mama mwandishi, sisi tunatafuta unga wa bukari, wewe unatuletea hadithi. Ninaelewa. Lakini ninyi mnajua kinachotokea familia inapokosa chakula. Anakuja mwanaume mwenye franka kidogo, na watu wanaanza kusema kwamba msichana wa miaka 15 amepata bahati. Hakuna anayemuuliza yeye. Sheria ya familia ya Kongo, iliyorekebishwa mwaka 2016, inataka miaka 18 kwa msichana na kwa mvulana. Sheria ipo, lakini usiku ndani ya hema anayesikika si sheria. Kinachosikika ni ile hadithi ya kwamba mwanaume atakuja na shida zitaisha. Siwahukumu wazazi. Hata mama yake Finette alishindwa na njaa. Ninasema tu kwamba mtoto aliyezoea kusikia hadithi ambamo msichana anasema "hapana, kwanza hiki" atakuwa amewahi kulisikia neno hilo kabla ya siku atakapolihitaji.

Hatuhitaji kungoja vitabu hivyo vitufikie kutoka mbali. Mama wazee wetu wana hadithi zao, na wanajua kuzibadilisha kulingana na watoto walioketi mbele yao. Ninachowaomba akina mama, walimu na wenzangu wa redio ni jambo dogo. Mkimaliza hadithi, msiishie kwenye ndoa. Waulizeni watoto: msichana alisema nini? Alitaka nini? Mali ya wazazi wake ilikwenda wapi? Na wavulana wawepo, wasikie majibu ya dada zao.

Najua pia kwamba hadithi hairudishi shamba. Finette alirudishiwa nchi kwa sentensi moja, na sisi tuna miaka mingi tunadai. Sitawadanganya watoto kuhusu hilo.

Wiki iliyofuata nilirudi kwenye foleni ileile, nikamtafuta yule msichana. Nilimsimulia Finette mwanzo hadi mwisho, kidumu chake kikiwa kati ya miguu yake. Nilipomaliza alifikiri kidogo, akaniuliza: "Na walipoirudisha, waliandika karatasi?"

Sikuwa na jibu. Lakini nilifurahi kwamba aliuliza, na kwamba mama yake alikuwa karibu, akisikiliza.