JE, SVETLANA AKISILIMU LAZIMA ABADILI JINA?



Ndugu zangu, kijana mmoja kaniandikia faragha. Mkewe ni Mrusi, kasilimu kwa hiari yake, anaswali, anafunga. Jina lake Svetlana. Mashangazi wa kijana wameshampa jina la Aisha, wanasema bila hivyo Uislamu wake haujatimia. Dada wa watu analia, kwani mama yake huko kwao anaona bintiye ametupa hata jina alilompa.

Tulijue kwanza jina lenyewe. Svetlana limetokana na neno la Kirusi "svet", yaani mwanga. Wala si la kale sana. Mshairi Vostokov alilitumia katika shairi lake la 1802, kisha Zhukovsky akalieneza kwa shairi lake la kisa lililotoka 1813. Kanisa la Orthodox halikuwa nalo katika orodha ya watakatifu wake, hivyo aliyeitwa Svetlana nyumbani alibatizwa Fotinia, jina la Kigiriki lenye maana hiyo hiyo ya mwanga. Baada ya mapinduzi ya 1917, kuandikisha watoto kulipotoka mikononi mwa kanisa, ndipo likaenea. Hata binti wa Stalin, aliyezaliwa 1926, aliitwa Svetlana.

Sasa nyinyi mnaosema ni jina la kanisa, mmelitoa wapi?

Mtume (s.a.w.) alibadilisha majina kwa sababu ya maana zake. Yuko mwanamke aliyeitwa Asiya, yaani muasi, akamwita Jamila. (Si Asiya mke wa Firauni, tahajia yake ya Kiarabu ni nyingine. Wenye mabinti Asiya msishtuke.) Barra alimbadilisha kwa kuwa jina lilikuwa la kujisifu ucha Mungu. Lakini Mariya, aliyetoka Misri, alibaki Mariya. Ikrima naye alisilimu na jina lake la zamani.

Atakayesema mwanga nao ni kujisifu, basi aanze na akina Nuru na Munira wa nyumbani kwake. Na bibi zetu wa pwani, akina Mwanakombo na Subira, nani aliwaambia wabadili majina ndipo swala zao zikubaliwe?

Jina kama Kristina, lenye kumnasibisha mtu na dini nyingine, hilo lina mjadala wake. Svetlana halimo.

Na kuna jambo limenipendeza kwa Warusi. Jina la baba hawaliachi: binti wa Ivan ni Ivanovna, awe ameolewa au hajaolewa. Sisi tulioamrishwa katika Suratul Ahzab, aya ya 5, tuwaite watu kwa baba zao, siku hizi tunawafutia wake zetu majina ya baba zao, tunawabandika ya kwetu.

Kijana wangu, mkeo akipenda mwenyewe kuitwa Aisha, ni jina tukufu, mwiteni. Asipopenda, waambie mashangazi zako kwa adabu wamwite Svetlana. Na leo hii mpigie simu mama mkwe, umwambie jina alilompa bintiye bado lipo.

Wallahu a'alam.