Msimulizi Apewe Nafasi Yake

Kila tukikutana kuandaa toleo, hoja ni ileile: filamu bubu za Japani zinawahusu wenye maktaba zao, sisi wa Mpanda zina faida gani kwetu? Naipinga. Aliyekulia kwenye vibanda umiza vya Kawajense, akamsikia msimulizi Lufufu akiwasemea waigizaji wa kigeni kwa Kiswahili, anaielewa kazi ya benshi, msimulizi wa filamu hizo bubu, upesi kuliko msomi aliyeikuta vitabuni. Benshi alisimama kando ya pazia, akasimulia kisa, akabadili sauti kwa kila mhusika, na wengi walikata tiketi kwa ajili yake.

Sehemu kubwa ya filamu zile za Japani imepotea, nyingine kwa tetemeko la 1923, nyingine kwa mabomu ya vita. Ila tazameni nani alihangaika kuzikusanya zilizosalia: Matsuda Shunsui, benshi mwenyewe, aliyeanzisha kampuni yake mwaka 1952. Mwanafunzi wake, Sawato Midori, akairithi kazi ya kusimulia. Tena benshi walirekodiwa kwenye santuri, hivyo sauti zao zipo.

Kwetu, enzi za ukoloni, mradi wa filamu wa Vugiri, kule Usambara, ulitengeneza filamu 35 kati ya 1935 na 1937, picha kwenye mkanda, sauti kwenye santuri. Chache mno zimebaki. Wanahistoria wetu wakishasema ni propaganda ya mkoloni, wanafunga daftari. Ilikuwa propaganda, sikatai. Lakini watazamaji walisikia nini, kwa lugha gani, wakajibu nini? Hapo ndipo historia yetu ya sinema ilipo, na ndipo tusipochimba.

Wapo wanaosema kuhifadhi kanda za filamu za kigeni alizosimulia Lufufu ni kuhifadhi wizi. Picha zina wenyewe, sawa. Ile sauti nayo ni ya nani, kama si yake? Kanda za VHS zinashika ukungu wakati tunabishana.

Katika toleo hili, makala kuhusu wanaume walioigiza wanawake katika filamu za awali za Japani ni nzuri, isomwe. Ile ya *Momijigari*, filamu ya 1899 ambayo Japani iliitangaza mali muhimu ya utamaduni mwaka 2009, ni fupi kuliko nilivyotaka. Mazungumzo na mwenye kibanda wa Kawajense nimeyatanguliza mbele ya kazi za wasomi, kwa makusudi.

Mwenye kanda iliyosimuliwa, hata iliyokatika, ailete ofisini. Deki ipo, na tutainakili mbele yake.