Shahidi aliyekula mali ya mlalamikaji

Wiki iliyopita redioni alikaribishwa mtaalamu wa masoko ya mtandaoni, akaulizwa ni tovuti gani za Kiswahili zenye maana. Akajibu bila kusita: ingia Wikipedia, tovuti isiyo na ukurasa kule ujue bado haijafika popote. Mtangazaji akaitikia, "Kweli kabisa," wakaenda kwenye matangazo. Mimi hasira ilinikaa hadi jioni, kwa sababu kauli hiyo sasa imekuwa kama imani. Utaisikia kwenye semina za hotelini, utaisikia kwa wafadhili, utaisikia hata kwa vijana wetu wa vyuo ambao wangepaswa kuwa wa kwanza kuikataa.

Hebu tuone hukumu hiyo inavyotolewa. Wikipedia haiipimi tovuti kwa idadi ya wanaoisoma, wala kwa miaka iliyodumu, wala kwa maovu iliyoyaanika. Kanuni yake ya umaarufu inauliza kama vyanzo vya kuaminika, visivyo na uhusiano na tovuti yenyewe, vimeiandika kwa kina. Tuzo yenye jina nayo inaweza kusaidia. Vyanzo hivyo ni kama magazeti, majarida na vitabu. Visipopatikana, ukurasa unaweza kufutwa.

Sasa ilete kanuni hiyo Dar es Salaam.

Nimefanya kazi katika chumba cha habari ambako mhariri alikuwa anafungua jukwaa la mtandaoni la JamiiForums kila asubuhi kabla ya kikao. Watu walikuwa wamekesha humo wakijadili mikataba, uteuzi na ubadhirifu. Mwandishi anatumwa "kufuatilia", na kesho yake habari iko ukurasa wa mbele. Akithubutu kutaja ilikoanzia, jina linakatwa, panaandikwa "mitandao ya kijamii". Chukua gazeti la Kiswahili utazame maandishi madogo chini ya picha. Mara ngapi utakuta: "Picha kwa hisani ya mtandao"? Mtandao upi? Picha ile ina mwenyewe, alisimama juani kuipiga, akaiweka kwenye tovuti yenye jina na anuani. Magazeti yamechuma humo miaka nenda rudi bila kutaja, kisha Wikipedia inakuja kuyauliza hayohayo: mnaifahamu tovuti hii? Yananyamaza. Hukumu inatoka kwamba tovuti haina umaarufu. Shahidi pekee aliyeitwa ni yule aliyekula mali ya mlalamikaji.

JamiiForums ilianza mwaka 2006 kwa jina la Jambo Forums. Kwa miaka kumi ndiyo ilikuwa baraza la nchi, mawaziri wakiiogopa na wabunge wakichota hoja humo. Lakini vyombo vya nje vilianza kuitaja kwa wingi Desemba 2016, pale mwanzilishi mwenza wake, Maxence Melo, alipokamatwa na kufikishwa mahakamani katika mvutano wa kulinda taarifa za watumiaji wake. Mwaka 2019 akapewa tuzo ya kimataifa ya uhuru wa habari na kamati ya kutetea wanahabari, CPJ. Basi ushahidi ukapatikana! Yaani mwenye tovuti alale mahabusu kwanza ndipo kazi yake ihesabike?

Wakenya nao yaliwakuta. Machi 2010 kundi la Just A Band lilitoa video ya wimbo "Ha-He", yenye shujaa aitwaye Makmende. Kwa siku chache Wakenya mtandaoni hawakuwa na habari nyingine, kila mtu akimtungia vituko vyake. Ukurasa wake kwenye Wikipedia ya Kiingereza ulifutwa zaidi ya mara moja. CNN ikamtangaza, Wall Street Journal likamwandika, na leo ukurasa wake upo. Makmende ni yuleyule wa siku ya kwanza. Kilichoongezeka ni Mmarekani wa kumsemea.

Wala si sisi peke yetu. Mei 2018 rasimu ya ukurasa wa mwanafizikia wa Kanada, Donna Strickland, ilikataliwa kwa hoja ya vyanzo. Oktoba mwaka huohuo akapata Tuzo ya Nobel. Na bado mtu anakaa redioni kutuambia hiyo ndiyo mizani!

Watetezi wa imani hii wana jibu moja walilolikariri: mlango ukiachwa wazi, kila mwenye duka ataweka tovuti ya duka lake. Hoja ya kitoto. Wikipedia hiyohiyo ina ukurasa wa Bulbasaur, kiumbe cha mchezo wa Pokémon, wenye tanbihi lukuki. Penye nafasi ya Bulbasaur, blogu ya Issa Michuzi, iliyotunza picha za harusi, misiba na ziara za viongozi wetu tangu 2005, isiwe jambo la kubishaniwa hata dakika moja.

Na wenye blogu waliokwishazimika? Kanuni za Tanzania za maudhui ya mtandaoni za mwaka 2018 zilimtaka mwenye blogu alipe ada na leseni za zaidi ya shilingi milioni mbili. Kijana wa Songea aliyeandika habari za wilaya yake angezitoa wapi? JamiiForums yenyewe ilisimama kwa muda Juni ile. Wadogo wengi walifunga wakaondoka na kila walichoandika: bei za mahindi, majina ya waliozama ziwani, matokeo ya ligi za kata. Magazeti hayakuwaandika walipokuwa hai, na tovuti za magazeti yenyewe hupoteza habari zake, ukibofya kiungo cha zamani unaambiwa ukurasa haupatikani. Nakala za karatasi za magazeti hayo zimo Maktaba ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, kitengo cha East Africana. Kanuni ya Wikipedia inazikubali, lakini mhariri wa Wikipedia aliyeko Ohio hatapanda daladala kwenda Mlimani kuzifunua.

Kwa hiyo vijana, acheni kuomba kibali huko. Na wahariri wa magazeti ya Kiswahili, deni ni lenu. Kesho, kabla ukurasa haujaenda mtamboni, futeni neno "mtandao" chini ya picha, muandike jina la tovuti na la aliyeipiga. Keshokutwa mtumeni mwandishi akamhoji, aandike ukurasa mzima.