Chombo kikikamatwa Kabimba, hati iandikwe papo hapo

Ibara ya 34 ya Katiba ya Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, iliyotangazwa Februari 18, 2006, inakataza mali ya mtu kukamatwa bila uamuzi wa mamlaka ya mahakama yenye uwezo. Sheria ya mwenendo wa jinai, ambayo ni ya tangu Agosti 6, 1959, inamruhusu afisa wa upelelezi kushika kitu kinachoweza kuwa ushahidi, ila inamtaka akieleze kitu hicho katika hati ya ukamataji. Kwa hiyo mwenye pikipiki au lori la saruji lililozuiliwa Kabimba, nje ya Kalemie, anayo sheria ya kumlinda. Shida yake ni kuifikia. Mahakama kuu na parke, yaani ofisi ya mwendesha mashtaka, viko Kalemie mjini, na kila safari ya kuulizia faili ni siku isiyo na abiria wala mzigo. Hesabu hiyo ndiyo inayoifanya pesa ya mkononi ionekane nafuu kuliko hakimu, na rushwa ya barabarani itaendelea kushinda maadamu kudai chombo mahakamani ni ghali kuliko kukikomboa kimyakimya.

Mambo huharibika mapema, saa ile ile ya kukamatwa. Pasipo hati yenye namba ya chesisi, hali ya chombo, sababu na jina la afisa, mwenyewe hana cha kumpelekea hakimu, kwa sababu zuio ambalo halimo katika faili lolote haliwezi kuondolewa. Hata faini ina njia yake: sheria inaruhusu kosa dogo limalizwe kwa malipo yanayokwenda Serikalini, yenye risiti. Ajabu ni kwamba mdaiwa ana saa inayomlinda kuliko mtuhumiwa. Kongo iliingia OHADA, jumuiya ya nchi za Afrika zenye sheria moja ya biashara, mwaka 2012, na kwa kanuni za jumuiya hiyo, mdai aliyezuia gari la mdaiwa bila hukumu mkononi asipofungua kesi kwa wakati, zuio lake linakufa. Pikipiki ya kesi ya jinai haina saa kama hiyo. Inanyeshewa uani masika yote, na betri, vioo na mafuta havingoji hukumu.

Wapo watakaosema kwamba majambazi nao hupanda pikipiki, na kuiachia ni kuupoteza ushahidi. Hofu hiyo ina msingi, lakini dawa yake inajulikana. Mwaka 2002 Mahakama ya Juu ya India, katika kesi ya Sunderbhai Ambalal Desai, iliona hakuna faida ya kurundika magari vituoni kwa muda mrefu: yapigwe picha, yaandikiwe maelezo kamili, kisha mwenyewe apewe kwa dhamana ya kuyaleta yatakapohitajika. Gari ambalo lenyewe linabeba alama ya uhalifu, tundu la risasi kwa mfano, libaki mpaka lichunguzwe. Lakini pikipiki iliyokamatwa kwa kukosa bima itathibitisha nini kwa kuota kutu? Wengine watasema mahakimu ni wachache. Ni kweli, ila Kongo inazijua mahakama zinazotembea. Zimesikiliza kesi nzito za mauaji na ubakaji mbali na miji. Ombi la kurudishiwa chombo halihitaji mashahidi kumi. Pingamizi ninalolikubali zaidi ni la wamiliki wasio na karte roze (kadi ya usajili) wala hati ya mauzo: hakimu hawezi kumkabidhi mtu chombo ambacho hakithibitiki kuwa chake, na hapo lawama si ya polisi peke yao.

Wakuu wa mahakama na wa parke Kalemie watenge siku inayojulikana ya kusikiliza maombi haya huko huko Kabimba, na wakatae kupokea chombo chochote kilichokamatwa bila hati. Nawe mwenye chombo, kabla hujatoa hata faranga moja, dai nakala ya hati hiyo yenye jina na sahihi ya aliyekamata.